Tunatoka Busi

Kila asubuhi dada anayetusafishia ofisi pale Mtumba, Dodoma, humimina kwenye ndoo ile dawa ya sakafu inayogeuka nyeupe kama maziwa ikikutana na maji, na kila asubuhi mimi hutoka nje. Wenzangu wanadhani nina pumu. Nimewaacha wadhani hivyo, maana pumu inaelezeka. Harufu ile ndiyo iliyonipokea nikiwa na miaka saba, siku tuliyompeleka mama yangu hospitali ya wagonjwa wa akili, na ikinifikia puani naanza kusema uongo wangu upya, kimoyomoyo, neno kwa neno. Ninyi nawaambia kwa sababu hamnijui.

Kijijini kwetu, mbele kidogo ya Buigiri, mama aliitwa Mama Perisi, Perisi nikiwa mimi. Jina lake hasa ni Loisi. Baba alikufa nikiwa bado nanyonya, tukabaki kwenye tembe la ukweni kwake, nyumba ya udongo ya paa bapa, pamoja na bibi na baba mdogo. Mama alikuwa na sauti, jamani! Akianzisha wimbo kanisani, mwalimu wa kwaya alisahau kupunga mikono. Na alikuwa mtani. Alinifundisha kutwanga kwa kunicheka, akisema mimi mtama naubembeleza, siutwangi.

Kisha kiangazi kimoja akaacha kulala. Akawa anafagia uwanja uliokwisha kufagiwa, anazungumza na marehemu baba kana kwamba kasimama mlangoni na hataki kuingia. Watu wakasema kachezewa. Akaja mganga, akaja mchungaji, akaja mganga mwingine wa kutoka mbali. Mwishowe baba mdogo akamfunga mguu kwa kamba ya ng'ombe kwenye nguzo. Mimi ndiye niliyempelekea uji, naye, mtu waliyesema hana akili hata chembe, alikuwa anaupuliza ukapoa halafu ananiachia nusu.

Siku moja kamba ikalegea. Mama akachukua kijinga cha moto jikoni, akasema anakwenda kumwangazia baba njia, akaingia nacho ndani. Kilindo kikaungua, lile ghala la magome tulimohifadhi mtama wa mwaka mzima, na upande mmoja wa tembe ukaanguka. Hakuna aliyeumia. Baba mdogo alisimama akitazama majivu ya chakula cha watoto wake, wala hakufoka. Nilimwogopa zaidi kwa kutofoka kwake.

Jioni ya kuamkia safari ya kumpeleka mama hospitali aliniita zizini. "Perisi, kuanzia kesho wewe unaitwa Zaina. Mama yako ni Amina Juma. Na tunatoka Busi." Busi iko Kondoa, huko kaskazini kabisa, alikowahi kwenda kununua ndama na hakujuana na mtu. Nikauliza kwa nini. "Wakijua kwetu watamrudisha kabla hajapona. Unataka arudi akiwa hivi?" Sikutaka. Nilitaka apone zaidi ya kitu chochote duniani, na kama kupona kwake kulihitaji Zaina, basi Zaina atakuwapo. Nilirudia maneno yale mbele ya ng'ombe mpaka nikayaweza.

Tulikwenda na basi la asubuhi, mama katikati yetu, mikono yake imefungwa kwa kanga na kufunikwa kitenge. Pale hospitali, kwenye korido iliyonuka dawa ile, muuguzi kijana aliandika yote aliyotajiwa na baba mdogo. Alikuwa mtu wa kanda ya ziwa, na kwake Mgogo wa kwetu na Mrangi wa Kondoa wote ni watu wa Dodoma tu. Alipomaliza akaweka kalamu chini, akainama mpaka uso wake ukalingana na wangu. Sasa najua kwa nini. Walikwisha kuchoshwa na ndugu wanaoleta mgonjwa, wanataja kijiji cha uongo na kutoonekana tena, ndiyo maana wakawa wanamuuliza mtoto. Mtoto, walidhani, hajui kudanganya.

"Shikamoo," nikasema.

"Marahaba. Unaitwa nani, mama?"

"Zaina."

"Na kwenu ni wapi?"

"Tunatoka Busi." Halafu, bila kufundishwa na mtu, nikaongeza, "Tuna mbuzi mweupe."

Muuguzi akacheka, akaandika, akanipa biskuti. Msinicheke ninyi, mbuzi yule niliona fahari kumtunga. Mama, kwenye benchi, aligeuka akanitazama. Akafungua mdomo. Baba mdogo alikuwa nyuma yangu, mkono wake begani kwangu. Mama akautazama ule mkono, akafunga mdomo, halafu akasema taratibu, "Kula biskuti yako, mwanangu. Usidondoshe." Nikajua hakuelewa kitu. Ugonjwa umemla, nilijiambia, lakini hapa atapona, na nimemsaidia.

Nikasubiri. Bibi alisema, "Akipona tutamfuata." Mvua zikaja, tukapanda, tukavuna, hakuna aliyefuatwa. Nilipouliza tena nikaambiwa nisilete mkosi. Taratibu nikaanza kuelewa, kama mtu anayeona maji yakiingia ndani na hajui pa kusimama, kwamba mama hata akipona hana njia ya kurudi, na aliyeifunga ni mimi.

Kulikuwa na gari la hospitali lililorudisha waliopona. Nikiwa na miaka kumi lilifika kijijini kwetu kumleta kijana wa jirani. Alishuka na kifurushi chake, mama yake akapiga vigelegele mpaka akakaa chini. Dereva akarudi kwenye usukani. Nikakimbia, nikafika dirishani, nikashika mlango. Maneno yote yalikuwepo: mama yangu mmemwandika Amina, ni Loisi, ni wa hapa, mleteni.

"Nini, mtoto?" akauliza dereva.

Nikafikiri kwamba nimeidanganya serikali, na anayeidanganya serikali anafungwa. Nikaona kwa pembe ya jicho baba mdogo anakuja. Nikasema, "Shikamoo."

"Marahaba," akasema, akaondoka. Nililia siku ile mpaka nikatapika, na bibi akaninywesha muarobaini akidhani ni malaria.

Ya utotoni nimejisamehe, au najaribu. Lakini nilikua, nikasoma, nikapata kazi, na bado nikakaa miaka bila kwenda. Nilisema nina kazi nyingi. Loo, kazi! Niliogopa kwamba amekufa, na niliogopa zaidi kwamba yu hai. Nilipokwenda hatimaye, muuguzi mmoja mtu mzima alitafuta faili muda mrefu, akalipangusa vumbi, akanisomea. Amina Juma, Busi, Kondoa. Chini yake, siku ileile, jioni: mgonjwa anadai jina lake ni Loisi na kwao ni karibu na Buigiri, binti yake amethibitisha Busi. Wakayaandika maneno yake ya kweli kama dalili ya ugonjwa.

Alipona upesi, lakini kila alipotaja Buigiri walimwona bado mgonjwa, mpaka akaacha kuitaja. Gari lilimpeleka Busi mara mbili, likamzungusha nyumba kwa nyumba, na nyumba kwa nyumba watu wakasema hawamjui. Wakamrudisha, wakamweka kwenye wodi ya wale waliopona wasiokuwa na pa kwenda. Siku hizi mambo ni afadhali, alisema muuguzi. Dawa zinapatikana karibu na nyumbani na watu hawapotei hovyo kama zamani. Nikamuuliza: mbona hakusema palepale, nikiwa nimesimama mbele yake?

"Alituambia mwenyewe," akajibu. "Alingoja mtoke. Alisema yule bwana angekupiga, nawe ungeonekana mwongo mbele za watu."

Nilimkuta bustanini anachuma mchicha, nywele nyeupe zote. Alinitazama, akamtazama muuguzi, kisha akasema kwa sauti ya kusikika, "Zaina mwanangu, umekua." Nikapiga magoti kwenye matope. "Mama, ni mimi Perisi. Nilidanganya. Sisi si wa Busi." Mkono wake ukanifunika mdomo, una udongo, una nguvu. "Nyamaza," akaninong'oneza. "Watakusikia."

Sasa anaishi kwangu, Nkuhungu. Hanywi uji mpaka aupulize, na nusu ananiachia. Haimbi. Kila mwezi nampeleka kliniki, na kila mwezi nawaambia jina lake na kijiji chake cha kweli, navyo vimeandikwa hivyo. Ila mgeni akija nyumbani akamuuliza, "Mama, kwenu hasa ni wapi?" anakaa wima kitini, anajibu, "Tunatoka Busi. Tuna mbuzi mweupe." Halafu ananigeukia, kuona kama amesema sawasawa.