Nusu ya Chini ya Tangi

Kwa miaka minne niliendesha gari ambalo geji yake ya mafuta sikuiamini. Mshale ulipanda nilipotoka kituo cha mafuta, ukatulia kwa muda, kisha mahali fulani kwenye miteremko ya kuelekea Mukurweini ukaanguka hadi chini kabisa. Nilipoanza kupanda mlima uliofuata, uliinuka tena kana kwamba hakuna lililotokea. Mwanzoni ulinitia hofu. Baadaye nikauzoea, kama mwalimu anavyomzoea mwanafunzi anayenyoosha mkono kwa kila swali bila kuwa na jibu, nikaacha kuuangalia. Badala yake nilihesabu safari. Petroli niliyoweka Jumatatu ilinifikisha Ijumaa, na hesabu hiyo ilinitosha. Taa ya onyo ilikuwa imekufa kabla gari halijawa langu, na sikuwahi kuijutia.

Mwaka jana mama alipatwa na kiharusi kilichomwacha na mkono na mguu wa kushoto usiomtii. Nilihamia kwake, kwenye nyumba aliyojenga na baba juu ya shamba la kahawa na migomba, kwa kuwa shule ninayofundisha iko karibu. Daktari alimwandikia mazoezi mara mbili kwa wiki katika hospitali moja mjini Nyeri, kila Jumanne na Ijumaa. Kaka yangu mkubwa, anayeishi Nairobi na mwenye nyumba isiyo na ngazi hata moja, alitaka mama ahamie kwake tangu siku ile ya kwanza. Mama alikataa. Alisema kwamba akiamka na kusikia ng'ombe wa mtu mwingine, au asisikie ng'ombe kabisa, hatajua yuko wapi. Tukakubaliana sisi watatu kwamba angebaki kwake mradi asikose mazoezi. Hayo ndiyo yalikuwa masharti, na gari langu ndilo lililoyabeba.

Ilikuwa Jumanne ya Aprili, shule zimefungwa, mvua ya asubuhi imekwisha na ukungu bado umelala mabondeni. Jumatatu sikuwa nimeweka mafuta kwa kuwa sikwenda kazini, na nilikuwa nimeongeza safari mbili bila kuziingiza katika hesabu yangu, moja ya kupeleka chakula cha ng'ombe na nyingine ya mazishi ya jirani. Mama alikaa mbele, mkono wake mzima ukiwa juu ya ule mwingine. Kwa desturi yetu binti wa pili hupewa jina la mama mzaa mama, na kwa hiyo mama huniita "maitu", yaani mama yangu, kama wanawake wengi wa rika lake wanavyowaita binti zao. Tulipovuka mto na kuanza kupanda, aliinamia dashibodi.

"Maitu, huo mshale unasema nini?"

"Unasema hakuna mafuta."

"Na wewe unasema nini?"

"Nasema unadanganya. Umezoea."

Mita chache kabla ya kufika kileleni, gari lilikohoa mara tatu, likanyamaza.

Mwendesha boda boda aliyepita alikubali kwenda kutuletea petroli, lakini kituo kilikuwa mbali naye alikuwa na abiria wa kumfikisha kwanza. Tulikaa pale kwa zaidi ya saa moja. Mama alihitaji kwenda haja. Mwanamke aliyekuwa akipalilia kahawa upande wa juu alishuka kunisaidia, lakini mfereji wa maji ya mvua ulikuwa mpana, mguu wa mama ulikuwa mzito, na hatukuwahi. Nilimfunga leso yangu. Mama yangu, ambaye katika maisha yangu yote sijawahi kumwona akitoka nje bila kitambaa cha kichwa, alitazama upande wa mashamba mpaka nilipomaliza. Kisha akaniomba jambo moja tu, nisimwambie kaka yangu. Nikamwahidi.

Sikuhitaji kuvunja ahadi. Namba ya simu iliyoandikwa kwenye kadi ya hospitali ilikuwa ya kaka, nao walipoona hatufiki walimpigia. Aliponipigia mimi jioni ile, hakufoka. Ningependa angefoka.

"Sikiza, dada. Mama si mkebe wa maziwa wa kungojeshwa kando ya barabara. Ijumaa nitakuja mwenyewe. Kama gari bado liko vile vile, nitarudi naye."

Jumatano asubuhi nilishuka hadi sehemu ya chini ya mji wa Nyeri, karibu na msikiti, kwa fundi wa umeme wa magari ambaye watu humwita Mzee ingawa nadhani tumelingana kwa umri. Babu yake alihamia mjini humo zamani, na Kiswahili chake si kama chetu sisi tuliojifunzia darasani. Maneno humtoka yakiwa yamenyooka. Nilimweleza kwamba geji yangu ni mbovu. Aliniuliza nimejuaje. Nikamwambia inadanganya.

"Geji haina ulimi, mwalimu," alisema. Sikuwa nimemwambia kazi yangu. "Ngoja kwanza tuiulize."

Aliinua kiti cha nyuma, akafungua kifuniko kidogo cha bati ambacho sikujua kwamba kipo, na hapo nikaona kichwa cha tangi, na nyaya zinazoingia ndani yake. Alinieleza kila hatua kabla ya kuifanya, nami nilishukuru, kwa sababu nimechoshwa na mafundi wanaonieleza baada ya kumaliza. Ndani ya tangi, alisema, kuna floti, boya dogo linaloelea juu ya petroli kwenye mwisho wa mkono wa chuma. Mkono ukipanda au kushuka, kidole chake husugua kipande cheusi chenye kupitisha umeme, na umeme huo ndio unaosukuma mshale. Basi ugonjwa unaweza kuwa kwenye geji yenyewe, kwenye waya, au kwenye floti. Mafundi wengi huanza kwa kubadilisha geji kwa kuwa ndiyo inayoonekana.

Alichomoa waya wa floti, akaniambia niwashe swichi bila kuwasha injini. Mshale ulilala chini. Kisha akaunganisha waya ule na bodi ya gari kwa kipande cha waya mwingine. Nikauona mshale ukipanda polepole, bila kutetemeka, hadi mwisho wa juu, mahali ambapo sikuwahi kuuona katika miaka minne.

"Geji nzima, waya mzima," alisema. "Mgonjwa yuko chini."

Alitenganisha betri, akafungua milango yote ili harufu ya petroli itoke, akamfukuza kwa maneno makali mtu mmoja aliyekuja akivuta sigara. Kisha akaitoa floti, ikidondosha petroli kwenye beseni. Ilikuwa kitu kidogo mno kwa aibu kubwa iliyoniletea. Aliifungia ncha za mita yake ya kupimia umeme, akaanza kuuinua na kuushusha ule mkono wa chuma. Katika nusu ya juu, tarakimu zilibadilika kwa utaratibu, moja baada ya nyingine. Alipovuka katikati kwenda chini, zilirukaruka, zikapotea, zikarudi, zikapotea. Alirudia mara tatu ili nione. Kisha akanipa lenzi.

Kipande kile cheusi kilikuwa kinang'aa kama kipya upande wa juu. Upande wa chini kilikuwa kimesuguliwa hadi kikawa na mfereji mweupe.

"Ukienda kituoni huwa unasemaje?"

Nikamwambia: weka ya elfu moja.

"Hujawahi kusema jaza?"

Nilifikiri kwa dhati kabla ya kujibu. Sikuwahi. Hata mshahara ulipokuwa umeingia, hata nilipokuwa na safari ndefu, nilisema weka ya elfu moja, kwa sababu hivyo ndivyo baba alivyosema alipokuwa na pikapu, na hivyo ndivyo kila mtu ninayemjua husema. Kujaza tangi ni jambo la watu wa serikali. Floti yangu ilikuwa imeishi maisha yake yote katika nusu ya chini ya tangi, ikipanda na kushuka hapo hapo.

Mzee alimtuma mwenzake kwa muuza vipuri kuukuu alete floti ya gari kama langu. Ilipofika aliifunga kwenye mita bila kuisafisha, na tarakimu zikarukaruka pale pale zilipokuwa zikirukaruka kwenye yangu. Akachukua lenzi, akatazama, akaanza kucheka hadi akakaa kwenye tairi.

"Huyu naye ni wa weka ya elfu moja," alisema. "Mwalimu, hapa Nyeri nzima hatutapata. Wote ni ndugu zako."

Akapiga simu mji wa Kutus, kwa mtu anayeuza vipuri vya magari yaliyokatwa Japani na kuletwa vipande vipande, kwa hoja kwamba huko watu hujaza tangi, na floti zao huchakaa sawasawa. Alisema nipate na raba mpya ya kuziba, kwa sababu ile ya zamani ingevujisha harufu na mama angeumwa kichwa. Nilikuwa nimemsimulia habari za Jumanne kufikia hapo, zote, hata za mfereji. Hakusema pole. Alisema kifurushi kitafika Alhamisi, na kwamba hatanikabidhi gari mpaka atakapolijaribu mwenyewe.

Kifurushi kilichelewa hadi saa tisa alasiri. Nilikuwa nimekaa kwenye benchi lake tangu saa nne, nikijaribu kusahihisha mitihani na kusoma jibu moja mara tano. Mita ilikubali, juu na chini. Aliifunga floti kwa mikono ya taratibu, akaniambia tusiweke mafuta kwanza. Tukatoka kwa barabara ya Naro Moru tukiwa na robo tu, yeye akiendesha, mimi nikiutazama mshale. Tulishuka, tukapanda, akapiga breki ghafla kwa makusudi. Mshale uliyumba kidogo kama maji ndani ya sufuria, ukarudi mahali pake. Tuliporudi mjini ulikuwa umeshuka kwa upana wa ukucha, kama ilivyopasa.

Kituoni mhudumu alikuwa amenizoea.

"Ya elfu moja, madam?"

"Jaza."

Aliinama kuniangalia vizuri. "Ati jaza? Kwani leo unahama?"

Ijumaa kaka alifika kabla hatujamaliza chai. Alisema atakwenda nasi, akakaa nyuma, katikati, mahali ambapo angeiona dashibodi. Tulipovuka mto na kuanza kupanda, aliegemea mbele.

"Tangi limejaa," alisema. "Likijaa, hata geji mbovu haionekani."

Alikuwa na haki, na nilikuwa na jibu tayari: ningeweza kumweleza habari za robo na barabara ya Naro Moru, za mita na lenzi. Nilimweleza, kwa kifupi. Lakini nilijisikia nikiendelea, na sikuwa nimepanga kusema lililofuata.

"Jumanne mshale ulikuwa chini, na tangi lilikuwa tupu. Ulisema kweli. Mama aliniuliza unasema nini, nikamwambia unadanganya. Floti ilikuwa mbovu, ndiyo. Ila siku ile aliyekosea ni mimi. Nilikuwa nimeacha kuangalia."

Mama aliendelea kutazama barabara. Kaka alirudi nyuma kwenye kiti. Tulipita mahali penyewe, penye mfereji na kahawa iliyopaliliwa, tukafika kileleni.

"Mimi simu ikilia asubuhi naogopa," alisema hatimaye, kwa sauti ambayo sikuwa nimeisikia tangu alipofaulu mtihani wa darasa la nane akalia kwa furaha. "Kila siku. Nikadhani akiwa kwangu nitaacha kuogopa."

"Hutaacha," mama alisema. "Utaogopa ukiwa karibu."

Hospitalini mama alisimama baina ya fito mbili za chuma za mazoezi, akaachilia mkono mzima, akapiga hatua nne. Wiki iliyotangulia zilikuwa mbili. Mtaalamu wa mazoezi alitaka apumzike, yeye akataka ya tano, akakaribia. Kaka alikuwa amesimama mlangoni akiwa ameshika mkoba wa mama kwa mikono yote miwili.

Wakati wa kurudi tulifanya makubaliano mapya. Namba ya kwanza kwenye kadi ingekuwa yangu, ya pili yake, na kila Jumanne na Ijumaa ningempigia tukifika, kabla hajangoja. Yeye angechukua Ijumaa moja kila mwezi ili mimi nipumzike. Mama alisikiliza kama hakimu, kisha akaongeza sharti lake, kwamba Ijumaa hiyo kaka atakuja na watoto wake.

Alasiri, kaka alipokuwa akijiandaa kuondoka, mama aliomba afungue buti ya gari lake ili tumpakilie vitu vya shambani. Alisita. Alipofungua, tuliona sanduku jipya, kubwa, lenye magurudumu, likiwa wazi na bila kitu ndani. Hakuna aliyehitaji kuuliza lilikuwa la nguo za nani. Mama alilitazama, akalipima kwa macho.

"Utaingia mkungu mzima," alisema, "ukikatwakatwa." Akanituma nikalete panga.