Gari la Abti Lilipokauka

Nilipiga simu zimamoto nikasema nyumba yetu inaungua, na haikuwa inaungua. Haya, nimesema. Nichekeni sasa, maana mbele huko sina kichekesho.

Juzi hapa bwenini jamaa mmoja alichoma kandambili yake akijaribu kuunga mkanda uliokatika. Wenzangu wa kidato cha tatu walimzomea, mimi nikatoka nje. Harufu ya plastiki inayoungua hunirudisha Garissa, mwaka ule nilipokuwa na miaka tisa na bomba la mtaa wetu likitoa upepo tu, au, siku ya bahati, mjusi.

Mkuu wa zimamoto alikuwa Abti Dahir, kaka yake mama. Alikulia nyuma ya ngamia upande wa Modogashe, akaja mjini akaajiriwa kubeba ndoo za mchanga, akawa dereva wa gari la kuzima moto, mwishowe akavishwa kofia ya mkuu. Aliipangusa kofia ile kila jioni kama anayejiandaa kuoa tena. Gari lilikuwa moja tu, na tangi lake lilijazwa mtoni Tana kwa pampu iliyokohoa kama mzee wa tumbaku. Hakumruhusu mtu hata tone la kutawadha.

Mimi nikapiga hesabu zangu: pipa letu kavu, gari la maji lipo, mwenye gari ni wetu. Kilichokosekana ni moto tu. Nikaiba simu ya mama.

King'ora kilipokaribia nilikuwa nimeshakaa juu ya ukuta kama mgeni wa heshima. Abti akaruka chini, mpira wa maji mkononi.

"Liban! Moto iko wapi?"

"Imekusikia ikakimbia, Abti."

Watu wakacheka. Yeye akanivuta sikio, akageuka aondoke, lakini madumu yalishajipanga nyuma ya gari, mama mbele kabisa. Jirani yetu mmoja akamwinulia mtoto wake, midomo imepasuka kwa kiu.

"Dahir, wewe umelelewa na ngamia kama sisi. Utaninyima maji?"

Elewa hapa. Kwetu unaweza kumnyima mtu binti, hata salamu. Maji humnyimi. Abti alilitazama tangi, akamtazama yule mtoto, kisha akafungua mwenyewe. "Kidogo kidogo, wallahi, kidogo!" Lakini kiu haijui kidogo.

Abti na vijana wake wa zimamoto walikuwa njiani kurudi mtoni kujaza ndipo moshi ukapanda sokoni. Abti aligeuza gari na kilichobaki. Mpira ukatema mara mbili, ukanyamaza. Vibanda vya viatu vya plastiki viliyeyuka kimoja baada ya kingine, mpaka kile cha mama cha maziwa.

"Mkuu, umetuletea mate yako?" mfanyabiashara mmoja alipiga kelele. Jiwe likagonga ile kofia.

Hakufa mtu, alhamdulillahi. Jioni ile tulilala na kiu vilevile, na sikuuliza kwa nini.

Wakubwa walipomwita ajieleze, Abti alisema, "Maji nilitoa mimi," basi. Simu hakuitaja. Wakamvua kofia. Mimi nilidhani amenisahau, nikashangilia moyoni kama mjinga niliyekuwa. Siku hizi anachunga mbuzi za watu Modogashe, na hata Idi haji mjini. Nimekua ndipo nikajua kwamba hakusahau chochote, na hakuna mzaha wangu hata mmoja unaoweza kumrudisha.

Likizo iliyopita nilimwambia mama kwamba aliyepiga simu ile ni mimi. Alikuwa akichuja chai. Hakugeuka.

"Nilijua hakuna moto, Liban. Na bado nilikuwa wa kwanza kwa laini. Jioni, soko ikiwa bado inatoa moshi, nilibeba ile maji nje nikamwaga yote."