Zimwi Lenye Zipu Mgongoni

Juzi nilikuwa Kitale, kwenye duka la kukodisha kanda za video, mama mmoja wa makamo alipoingia na kuegemea kaunta.

"Nataka ile ya zimwi la mtoni," akamwambia mwenye duka. "Lile lenye zipu mgongoni."

Mwenye duka akacheka. "Hiyo si hata haitishi, mama! Waliotengeneza hawakuwa na pesa, bana, hata zipu ya vazi la zimwi inaonekana. Chukua hii mpya, utalala taa ikiwaka."

Mama akatikisa kichwa. Akasema yeye na mumewe waliitazama Jumapili nyingi baada ya kanisa, kwa jirani yao kule Kiminini.

"Zipu mume wangu alikuwa anaiona. Lakini zimwi likitokea tu, ananishika mkono. Ati mwanamume mzima, mbele ya watu! Siku zingine hakuwa mtu wa kushikana mikono. Tulimzika mwaka jana."

Mwenye duka akainama, akapekua chini ya kaunta, akaipangusa kanda moja kwa shati lake. "Ina mistari mistari, mama. Enda nayo tu, usirudishe."

Filamu za pesa nyingi hututisha hadi tukamsahau aliyeketi kando yetu. Hizi za maskini hutuachia nafasi ya kumgeukia.

Nilitoka bila kukodi chochote. Nikatafuta kibanda cha simu, nikampigia mke wangu, ambaye anafanya kazi Bungoma.

"Kuna nini?" akauliza kwa wasiwasi, maana huwa sipigi katikati ya wiki.

"Hakuna," nikasema. "Nimeogopa tu kidogo."