Kiingereza cha Mholanzi

Juzi nilimwona kwenye simu yule mwigizaji Mholanzi, mzee sasa, akiimba kwa lafudhi yake ileile, na harufu ya nywele za bandia zilizochovywa kwenye maji ya moto ikanirudia, harufu ya saluni ya mama kule South Beach, mtaa wa pwani katika nchi tuliyokimbilia.

Alasiri ile nilitoka shuleni nikilia, maana darasa zima lilicheka Kiingereza changu niliposoma kwa sauti. Kwenye televisheni ya saluni Mholanzi alikuwa akiigiza, kisha akaimba. Nikasikia kwamba Kiingereza chake nacho kilikuwa cha kuazima, nikaamini ni mkimbizi kama sisi.

“Mama, na yeye anapangaga mstari wa karatasi za ukimbizi?”

Wateja walicheka. Mama aliendelea kusuka.

“Huyo hapange mstari popote. Anaongea vile anaongea, na dunia inamusikiliza. Kesho utasoma tena, na sauti ya juu.”

Leo najua pasipoti yake ilipita mahali ambapo yetu ilizuiwa. Lakini kesho yake nilisimama darasani, nikasoma ukurasa mzima. Walicheka. Nikafunua, nikasoma wa pili.