Kiti cha Chuma Mwezi wa Saba

Asubuhi ambayo wakuu wa kampuni yetu walitakiwa kuidhinisha kiti kipya, nilitoa viti vyote vilivyokuwa kwenye chumba cha mkutano, hata kile chenye magurudumu cha Mzee, mwenye kampuni, nikavipanga uani. Ndani nikaacha vitano vya chuma kitupu, vile vile tulivyokuwa karibu kuanza kuwauzia watu. Kisha nikafungua madirisha. Ilikuwa mwezi wa saba, jua halijapanda, na hapa Sumbawanga wakati huo mtu akizungumza unaona pumzi yake kabla hujasikia neno lake.

Mpwa wa Mzee, ambaye ndiye mkuu wa mauzo, aliita jambo lile utovu wa adabu. Mimi naliita sehemu ya kazi yangu, na leo likitokea tena nitafanya vile vile. Lakini ni haki nieleze lilianzia wapi.

Kampuni ni ya familia ya wafanyabiashara wa hapa mjini. Walianza na duka, wakaongeza malori. Malori yalishuka Dar es Salaam na mahindi, na badala ya kurudi matupu yakawa yanarudi na mabomba ya chuma na bati. Mwishowe Mzee akasema kwa nini tuuze bomba wakati tunaweza kuuza kitanda, akafungua karakana upande wa Milanzi. Huko tunatengeneza vitanda, mageti, madawati na viti.

Kabla sijaajiriwa, kila umbo jipya lilikuja kwa simu. Mpwa akisafiri Dar es Salaam, akiona kitu kimempendeza hotelini au ukumbini, anakipiga picha na kumtumia fundi mkuu. Jioni kitu kinachofanana nacho kinakuwa kimesimama karakanani, na kesho yake kimeshapata bei. Hakuna aliyeuliza kitatumiwa na nani, wapi. Ndivyo tulivyowahi kuuza kitanda ambacho ubao wake wa kichwani ulikuwa mpana kuliko milango ya nyumba nyingi za Pito. Mteja mmoja alikilaza kibarazani mpaka alipobomoa fremu ya mlango wake mwenyewe, halafu akaja kutuomba tumlipie fremu.

Mzee aliniita baada ya kitanda kile. Nilikuwa nimesomea ubunifu wa bidhaa Dar es Salaam, nimerudi nyumbani, na wazazi wangu walikuwa wameanza kuniuliza kama fani hiyo ina kazi kweli.

"Shikamoo, Mzee."

"Marahaba, mwanangu. Nimeambiwa unachora."

"Nachora, lakini kuchora ni sehemu ndogo."

"Vizuri, maana mimi sitaki picha nzuri. Nataka vitu visirudi."

Nikamwandalia utaratibu. Kwanza tunakwenda kumwona mtumiaji anapotumia. Ndipo tunachora, tunatengeneza vichache vya mfano, tunawakopesha watu wale wale watakaovinunua, wakae navyo kwenye shughuli zao. Tunasikiliza, tunarekebisha. Mwisho wakuu wanakaa pamoja na kuidhinisha, na kabla ya hapo hakuna bomba linalokatwa. Mzee alikubali. Mpwa alisema hapa si chuo.

Ofisini wengi walidhani kazi yangu ni kuchagua rangi. Nilizoea kuitwa saa nane mchana, kitu kikiwa kimeshachomelewa na kupigwa msasa, niulizwe: "Dada mbunifu, tupake bluu au nyekundu?" Miezi ya mwanzo nilijibu rangi. Baadaye nikaanza kujibu: "Nani amekikalia?" Swali hilo liliwaudhi watu kuliko nilivyotarajia. Lakini vitanda viliacha kurudi, na madawati tuliyoyajaribu kwanza kwenye darasa moja yaliagizwa tena na shule nyingine bila sisi kwenda kuyanadi.

Kisha kikaja kiti cha chuma.

Mpwa alikiona kwenye ukumbi wa harusi Dar es Salaam. Nakiri kilikuwa kizuri: chembamba, chepesi, kinapangika kimoja juu ya kingine mpaka kimo cha mtu. Sehemu ya kukalia na mgongo vilikuwa bati lililotobolewa matundu, bila sponji wala mbao. Kwa hesabu ya karakana kilikuwa rahisi kuliko kiti chochote tulichowahi kutengeneza. Na alikuwa na wateja wawili wanaokisubiri, mwenye ukumbi kule Kabwe, ziwani, na kikundi cha kina mama wa Milanzi wanaokodisha viti kwa ajili ya harusi na misiba. Akataka tuanze kukata wiki ile ile.

Nikasema kijaribiwe. Mpwa akasema kimeshajaribiwa Dar es Salaam. Nilipokuwa nasoma huko, nikitaja kwamba natoka Sumbawanga kulikuwa na watu waliosogeza viti vyao nyuma kidogo, wakicheka, wakisema nisiwatumie radi, kwa ile sifa ya uchawi ambayo mji wetu umepewa. Nilicheka nao kwa miaka yote ya chuo. Lakini nimerudi nyumbani sasa, na sioni kwa nini mji ule uendelee kutuamulia hata namna ya kukaa.

Mzee akakata shauri: vichache vipelekwe Milanzi.

Kina mama hawakukaa sana kabla ya kuvipeleka msibani, na mimi nikaenda. Nilikaa pembeni na kutazama, maana mtu ukimuuliza kuhusu kiti msibani atakujibu kwa adabu tu. Asubuhi ile wanaume waliokuwa wamekesha walikuwa nje wamejifunga mablanketi. Viti vyetu vilikuwa vimepangwa mstari mzuri, vyeusi, vinametameta kwa umande, na karibu vyote vilikuwa vitupu. Watu walikalia matofali. Walikalia gogo la kupasulia kuni. Mmoja alikuwa amekunjua boksi la sabuni juu ya kiti chetu, na alipoinuka kwenda kuosha uso, mwenzake akaliiba boksi, akaliweka kwenye kiti chake.

Msichana mmoja alimletea bibi kiti kwa heshima. Bibi akakigusa kwa kiganja, akaurudisha mkono ndani ya kitenge.

"Hicho mpelekeeni marehemu," alisema. "Yeye hasikii baridi."

Wanawake waliokuwa jikoni walicheka mpaka mmoja akalazimika kuwakumbusha wako msibani. Mwenyekiti wa kikundi alinifuata wakati naondoka.

"Dada, usikasirike. Viti ni vizuri kutazama."

"Nimekuja kuambiwa ubaya wake, mama."

"Basi vinauma. Mchana sawa. Ila msiba wa huku hauna mchana peke yake."

Niliandika nilichokiona, na sikuishia kwenye malalamiko. Pamoja na fundi mkuu tulitengeneza kiti kingine kwa fremu ile ile, lakini sehemu ya kukalia na mgongo vikawa vipande vya mbao vilivyofungwa kwa skrubu. Kilipangika vizuri pia, ingawa kilizidi uzito kidogo na kilichukua muda zaidi karakanani. Nikapeleka viwili Milanzi. Havikurudi, na hata nilipovifuata niliambiwa viko harusini.

Mpwa alisoma taarifa yangu akiwa amesimama.

"Watazoea," alisema. "Kitu kipya lazima watu walalamike."

"Hawakulalamika. Walikataa kukaa."

"Ninyi Wafipa wa huku na baridi ni ndugu, bwana. Mmezaliwa nayo."

"Ndugu ndiye tunayejua anavyouma. Na wewe umezaliwa hospitali ya hapa hapa, usijitoe."

Alicheka, kisha akasema jambo ambalo halikuwa mzaha. Alikuwa ameshamshauri Mzee kwamba idara yangu ifutwe, meza yangu ihamie chini ya mauzo, niwe natengeneza mabango ya ofa. Kiti cha chuma kikipita jinsi kilivyo, bila kujali kilichotokea Milanzi, basi itakuwa imeonekana kwamba kujaribu ni kupoteza wakati, na hakutakuwa na sababu ya kuwa na mtu wa kujaribu. Alinieleza wazi, na kwa hilo namheshimu.

Nikajiuliza ni wapi hasa uamuzi wetu huwa unafanyika. Nilikumbuka kila kikao cha kuidhinisha nilichowahi kuhudhuria. Vyote vilikuwa alasiri, jua limeshapasha chumba, chai ya maziwa iko mezani, na wakuu wamekalia viti vyao vyenye sponji huku bidhaa imewekwa katikati kama bibi harusi. Kwa utaratibu huo hata jiwe lingepita. Nilikuwa nimepanga kila hatua kwa uangalifu, nikaisahau ile ya mwisho. Nikamwomba Mzee kikao kiwe asubuhi. Alikuwa anajiandaa na safari ya matibabu, akaona afadhali amalize mapema.

Mzee alitangulia kuingia, amevaa kanzu na koti zito juu yake. Nyuma yake alikuwa binti yake, ambaye ni mhasibu, halafu mpwa na fundi mkuu.

"Kiti changu kiko wapi?"

"Kiko uani, Mzee. Leo tunakalia tunachotaka kuuza."

"Mjomba, umeona?" mpwa akasema. "Hii ndiyo heshima yenyewe."

Mzee alinitazama, akalitazama dirisha, akakaa. Akainuka kidogo, akakaa tena.

"Astaghfirullah."

Fundi mkuu aliingiza kidevu kwenye kola ili tusimwone anacheka. Nami nilikaa, na nasema kweli, baridi ilipanda mgongoni mpaka shingoni. Mhasibu alivua mtandio wake wa sufu, akaukunja, akaukalia.

"Mteja naye atakunja nguo," alisema.

"Kwa hiyo tunauza kiti, mtandio aje nao mwenyewe?" Mzee akauliza.

Mpwa alikuwa amekaa wima kabisa. "Mbona kawaida tu."

"Bosi," fundi akamwambia, "huo mguu unacheza ngoma gani?"

Hata mpwa alicheka. Lakini hakuwa mtu wa kushindwa kwa kicheko, akajipanga.

"Sawa, hapa kuna baridi. Kabwe je? Kule ziwani watu wanatafuta kitu cha kupoza mwili. Mwenye ukumbi anavitaka hivi hivi. Tumkatalie kwa sababu bibi mmoja wa Milanzi kaweka mkono ndani ya kitenge?"

Hoja ile ilikuwa na nguvu, na sikuikwepa. Nilisema huenda kweli kinawafaa Kabwe, lakini pia huenda bati likiachwa juani mchana wa ziwani litaunguza mapaja ya watu. Sijui, na yeye hajui. Tupeleke viwili kwanza. Kwa Milanzi tunajua tayari, kwa hiyo wapate cha mbao.

"Kujaribu, kujaribu!" alisema. "Wenzetu wanauza, sisi tunajaribu. Cha mbao kinachukua muda mara mbili. Mvua zikianza na harusi zimekwisha, utamkopesha nani?"

"Afadhali tuchelewe kuuza kuliko kuuza kitu ambacho watu wanakiruka kukalia tofali."

"Hayo ni maneno ya mtu asiye na lengo la mauzo."

"Ni maneno ya mtu aliyekwenda msibani. Wewe hukwenda."

Hapo Mzee aliinua mkono. Alisimama, na kikao kilichobaki alikimalizia kwa miguu, mgongo ukiwa ukutani. Alimuuliza fundi kuhusu skrubu, akamuuliza mhasibu kuhusu mbao. Kisha akakigusa kiti kwa kidole kimoja.

"Nimesikia. Nikirudi nitasema."

Mpwa alimfuata nje, nikawasikia wakizungumza kwa sauti ya chini mpaka gari lilipowashwa. Mimi na fundi tulirudisha viti ndani.

Mzee aliondoka. Siku chache baadaye lori la kampuni likaingia na mabomba na mabati ya kutosha viti vingi, yote ya kipimo cha kiti cha chuma. Hakuna mbao. Aliyeagiza ni mpwa, kwa mamlaka anayoyajua yeye. Mzigo umeshushwa, umelazwa kando ya mashine ya kukatia, na mafundi wanauruka wakipita.

Kila asubuhi fundi mkuu anasimama mlangoni kwangu. "Tukate?"

"Bado."

Anakwenda mlango wa pili, kwa mpwa. Huko anaambiwa: "Kateni."

Anarudi karakanani na kuwapa vijana kazi ya mageti. Ananiambia yeye si wa upande wowote, anasubiri sauti ya mwenye mali. Namwelewa, ana watoto shuleni.

Jana mpwa alikuja mezani kwangu mwenyewe na kusema kesho watakata, nipende nisipende, na kwamba niandae bango la ofa. Nikamwambia bango sitaandaa. Nikamwambia pia kwamba mteja yeyote akiniuliza nilichokiona Milanzi, nitamweleza mbele yake. Akasema basi nijue nimejifukuza kazi. Nikasema anayeweza kunifukuza ni aliyeniajiri, na meza yangu iko pale pale.

Jioni nilimpigia Mzee. Simu ilipokelewa na kijana wake anayemuuguza Dar es Salaam. Alisema amelala, atamwambia akiamka. Nimepiga tena asubuhi hii, nikajibiwa hivyo hivyo, na karakanani wameshawasha mashine ya kukatia.