Gemu Yangu Imemvua Mjomba Kinyago

Admin, jina langu lifunike vizuri. Mtwara ni ndogo na mjomba wangu anajulikana kila kona.

Mimi ni dada wa miaka ishirini na sita, naishi Mtawanya, ila kwetu hasa ni Kitaya. Nafanya kazi intaneti kafe, na huko ndiko nilikojifunza kutengeneza gemu zangu mwenyewe za kucheza kwenye kile kidude cha gemu cha kushika mkononi. Kampuni inayokitengeneza haikunituma wala kuniruhusu. Napenda tu.

Gemu yangu mpya ina msichana anayevuka Ruvuma akipigana na majini na mamba wenye mabawa. Adui wa mwisho ni lipiko, yule mcheza ngoma wa Kimakonde anayevaa kinyago. Tangu utotoni sisi wanawake tunaambiwa yule si mtu, ni mzimu, akitokea tukimbie. Msichana wangu hakimbii. Akishinda, kinyago kinadondoka, na ndani yuko mwanaume anahema. Mguu wa kushoto hana kidole gumba.

Ndiyo, kama mjomba. Nilikuwa mtoto nilipouona mguu ule ukicheza ngoma, nikaujua, nikanyamaza.

Watoto wa mtaani walicheza gemu, wakacheka, habari ikafika Kitaya. Mjomba akaja mwenyewe, hata chai alikataa.

"Umetuvua nguo wanaume wote! Futa hicho kitu. Usipofuta, siku ya harusi yako tafuta mjomba mwingine."

Kwa ukoo wetu, mjomba asiposimama hakuna harusi, na yangu ni mwezi ujao. Lakini hasira zilinipanda. Nikamwambia, "Shikamoo yako naitoa kila siku, mjomba. Ila mbona umejitambua haraka hivyo?"

Akaondoka bila kuaga. Mama, ninayeishi naye, alisikia yote, nikajua atanigombeza. Mama akasema taratibu, "Wote tunajua, mwanangu. Hata bibi yako alijua. Tunakimbia ili wao wafurahi." Kisha akanyoosha mkono, "Hebu niwashie na mimi." Kinyago kilipodondoka alicheka mpaka machozi, akataka kuanza upya.

Jamani, mjomba ndiye aliyenilea baba alipotuacha. Nampenda na naumia, nataka nimwone amesimama harusini kwangu. Ila sifuti, na kukimbia nimeacha.

Nishaurini, nifanye nini mjomba aje na gemu ibaki? Wewe unayetaka kuniambia nifute, pita tu, usijichoshe kuandika.