Talaka ya Mbele ya Kamera

Watu wakishaitazama filamu yangu ya mwisho huniuliza swali moja tu. Hawaniulizi kuhusu mswada niliouandika huku mgongo ukiniuma, wala kuhusu uigizaji wangu, ambao mimi mwenyewe nauona si haba. Huuliza hivi: pale mume anapomwacha mkewe uani, wakati ukumbi mzima umeanza kupenga kamasi, mbona inapita pikipiki yenye kelele kama imepasuka ekzosi? Uani! Ilipita wapi, juu ya ukuta?

Haya. Pikipiki niliiweka mimi, kwa mkono wangu, ili izibe neno moja. Na neno hilo nusura linipotezee mke.

Kwanza mjue kazi yangu ilivyo. Naandika tamthilia, naongoza filamu, naigiza ndani yake, na mara nyingi viti nabeba mimi. Si kwamba najua yote. Ni kwamba ukimwita mtu aje kuigiza hapa kwetu Malindi, jambo la kwanza atakalokuuliza ni mchana kutakuwa na chakula gani. Ubaya wa kuigiza mwenyewe ni kuwa watu wanakuamini. Niliwahi kuwa mnyang'anyi wa mashamba katika filamu tuliyoipigia Kakuyuni, na mpaka leo kuna mama mmoja pale sokoni hataki kuniuzia nyanya. "Nenda ukale hati zako," aliniambia. Nikamweleza kwamba ule ulikuwa mchezo. Akasema, "Mchezo gani, nami nilikuona kwa macho yangu?" Nilirudi nyumbani Muyeye bila nyanya, lakini kichwa kimenivimba kwa raha, maana sifa kubwa kuliko hiyo sijawahi kupewa.

Shida hasa ni waigizaji wa kike. Wazazi watakubali binti yao awe muuguzi, awe mwalimu, hata awe jini. Lakini awe mke wa mtu? Ashikwe mkono na mume wa kubuni? Hilo halipiti. Kwa hivyo katika filamu zangu zote mke wangu ndiye mke wangu. Nimemposa, nimemsaliti, nimemzika mara moja, na kila tukimaliza anavua nguo za mchezo anaenda kuteka maji. Kazi hii haipendi hivyo. Anaifanya kwa ajili yangu, na hachoki kunikumbusha.

Filamu yenyewe ilihusu mume mpumbavu anayesikiliza fitina za watu, akamtaliki mkewe bila kosa. Nilitaka ua wa kizamani, na ua wa bure ninaoujua ni mmoja tu, wa mama mkwe wangu, Takaungu. Nikaenda na shikamoo yangu nzuri, nikamwomba. Akauliza hadithi yahusu nini.

"Mambo ya nyumbani tu, mama."

"Karibuni, mwanangu. Bora msinimwagie maji yangu."

Neno talaka sikulitaja. Nilijua angekataa, maana watu wa pale hawalichezei. Ukilitamka umelitamka, uwe unacheka au umekasirika, mke kaenda zake. Lakini nilijipa moyo. Mke wa kwenye mswada alikuwa na jina lake mwenyewe. Nitakayemwacha ni huyo, na wangu atakuwa amejificha ndani yake, salama salimini.

Tukaanza asubuhi. Mama mkwe alikuwa jikoni, amekaa juu ya mbuzi akikuna nazi, na dirisha la jiko linatazama uani. Nyuma ya kamera alikuwa mwenzangu, jamaa wa bara, Mkristo, mpole kupita kiasi, aliyekuja Malindi kupiga picha za harusi akanasa kwangu. Kiswahili chake alikuja nacho kutoka kwao na hajakibadilisha mpaka leo.

Nikasema maneno yangu: "Nimekuacha. Chukua kilicho chako, uende." Mke wangu akacheka. Tukarudia, punda wa jirani akalia. Tukarudia, kuku akaangusha ndoo, na maji ya mama yakamwagika. Tukarudia tena, mambo yote yakawa sawasawa, na mpiga kamera akatoa jicho lake kwenye kamera akanitazama kwa huruma.

"Boss, hauna uchungu. Unakaa tu kama mtu anarudisha baiskeli ya wenyewe."

Alisema kweli, mshenzi yule. Nikaomba nafasi kidogo. Nikasimama mbele ya mke wangu, nikamtazama vizuri, kisha nikasema. Sijui kilichonipata. Sauti ilikatika yenyewe, machozi yakanitoka, mke wangu akaacha kuigiza akabaki kunikodolea macho. Mpiga kamera alikuwa anajifuta uso kwa mkono wa shati. Moyoni nikasema, wallahi, leo nimepata. Ndipo nikasikia sinia la nazi likianguka jikoni.

Mama mkwe akatoka, mikono myeupe kwa machicha.

"Umemwacha mwanangu?"

"Mama, ni mchezo."

"Mchezo! Tangu asubuhi ulikuwa ukimwacha sijui nani huko, nikanyamaza, nikasema shauri yao. Sasa umemtaja mwanangu. Umemtaja kwa jina lake, jina nililompa mimi!"

Nikamgeukia mke wangu. Akainamisha kichwa. Nilikuwa nimelitaja, na mimi mwenyewe sikujisikia. Ndilo neno nililokuja kulizibia pikipiki.

Hapo ndipo mpiga kamera wangu, kwa roho yake nzuri, alipoona anisaidie. "Mama, usijali," akasema. "Hiyo maneno amemwambia mara tano leo."

Lo! Mama mkwe alishika kichwa kwa mikono yote miwili, machicha yakamwingia nyweleni. "Mara tano! Tatu zenyewe hazina marejeo!" Akamshika binti yake mkono, wakaingia ndani, nikasikia komeo likitiwa.

Nilirudi Muyeye na kamera, na viti, na mpiga kamera. Mke, sina. Nikipiga simu yake anapokea mama yake. "Mwenyewe yuko edani," ananiambia, "hazungumzi na wanaume wa kando." Mwanamume wa kando! Mimi niliyekula biriani la harusi yake mpaka nikafunguliwa kifungo! Nikapika wali, ukawa uji juu na mkaa chini. Majirani wakaniuliza mke yuko wapi. Nikasema kaenda kumtazama mama yake. Wakasema "aaa," kwa sauti ile ya watu wenye habari kamili kuliko yangu.

Nilicheka mchana, na ikifika jioni sikuweza kucheka. Niliogopa, nasema kweli. Shehe wa Takaungu ndiye aliyekuwa akingojwa atoe neno, naye alikuwa safarini. Akisema hii ni talaka, tena tatu, basi ndiyo imekwisha. Mke hanirudii mpaka aolewe na mume mwingine kwanza, na huyo amwache. Nilimweleza hayo mpiga kamera, akafikiri sana, akakohoa.

"Sasa boss, kama ni lazima aolewe na mtu mwingine kidogo, mimi niko tu. Sina ubaya."

Nikamwambia ashike kamera yake kabla sijamshika yeye.

Shehe aliporudi, tulikutana kwa mama mkwe. Yeye amekaa kitini, mimi mkekani, mama mkwe mlangoni kwenye kigoda, na nyuma yake pazia, na nyuma ya pazia mke wangu. Nilijua yupo kwa sababu pazia lilikuwa linapumua. Mama mkwe alieleza kisa chote, na kila alipofika kwenye "mara tano" alinyoosha vidole vyote vya mkono.

Shehe akataka kuiona picha yenyewe. Nikafungua kompyuta. Akavaa miwani, akaitazama mara ya kwanza, akaitazama mara ya pili, kisha akaniuliza, "Na huyu mwanamke, baada ya hapa alipata pa kukaa?"

"Ni hadithi, shehe."

"Najua ni hadithi. Nauliza alipata?"

"Alipata, shehe."

"Alhamdulillahi." Akavua miwani. "Sasa sikiliza. Hizo za mwanzo usitie hofu. Ulikuwa ukisimulia habari ya mtu mwingine, na anayesimulia talaka ya mwenzake hajamwacha mkewe. Shaka yangu ni hii ya mwisho. Hapa umeitoka hadithi. Hili si jina la kwenye karatasi zako, hili ni jina la mkeo, na machozi haya si ya kupaka. Ulikuwa ukisema na nani? Na ulikusudia nini?"

"Yalikuwa makosa ya kiufundi, shehe."

"Ufundi mimi siujui. Nimekuuliza ulikusudia nini."

Jibu nilikuwa nalo, lakini si jibu la kusema mbele ya mama wa mke wako. Kuna maneno mtu huyasema chumbani, tena taa imezimwa, na mimi hata huko sikuwa na mazoea nayo. Kwenye tamthilia zangu wanaume wote wanayasema vizuri. Nimewaandikia mimi. Nikamtazama mama mkwe, mama mkwe akanitazama. Pazia likaacha kupumua.

"Machozi yalinikataa," nikasema. "Nilijaribu kumfikiria marehemu baba, hayakuja. Nikafikiria nyumba yetu iliyoungua, hayakuja. Basi nikamtazama mke wangu, nikajiambia kwamba maneno haya ni ya kweli. Kwamba akivuka mlango wa ua harudi tena, na nikifika Muyeye nitafungua mlango mwenyewe, na ndani hamna mtu wa kuniuliza nimechelewa wapi. Hapo yakaja. Na jina lake likaja pamoja nayo. Sikuwa namwacha, shehe. Nilikuwa namwita asiende."

Mama mkwe akajifunika uso kwa leso. "Aibu!" akasema humo ndani ya leso. "Mtu mzima!" Lakini mabega yalikuwa yanamtikisika, na mpaka leo sijui kama alikuwa anacheka au analia, na sithubutu kumuuliza.

Shehe alijikohoza kwa muda. Kisha akasema hakuna talaka hapo, si moja wala nusu, na kwamba niape nisilichezee tena neno hilo. "Mwandishi mzima," akaniambia, "umekosa maneno mengine?" Nikaapa. Akanyoosha shingo kuelekea mlangoni. "Nawe, binti yangu, umesikia?"

Pazia halikusogea. Shehe anaweza kusema hakuna talaka, lakini hawezi kumtoa mtu nyuma ya pazia. Amechoka na mimi, nikawaza, amechoka kuzikwa na kusalitiwa na kupelekwa mbele za watu, na amepata nafasi ya kupumzika kwa mama yake. Kwa haki kabisa ningemwelewa.

Pazia likafunguka. Alikuwa ameshavaa buibui, mkoba begani, na macho yamemwiva. Hakunitazama. Alinipita akaenda kuvaa viatu vyake mlangoni.

"Unakwenda wapi?" mama yake akamuuliza. "Wali uko motoni, na samaki nimeshamtia nazi."

"Tutakula kwetu, mama."

Tangu nimuoe, "kwetu" yake ilikuwa Takaungu. Muyeye aliiita "kule kwako," na mimi nilikwisha kuzoea.

Mama mkwe akashusha leso usoni. "Kwenu si hapa?"

"Hapa kwako, mama," akasema, akinisogezea viatu vyangu kwa mguu. "Kwetu Muyeye."